Anti, mama yuko eda na mimi nina kamera

Mwezi huu barua zenu zimenikuta vibaya jamani. Nilitegemea maswali ya lenzi na taa kama kawaida yenu, nafungua ya kwanza msiba, ya pili msiba, ya tatu mtu anauliza wimbo wa kuweka kwenye msiba. Kosa langu mwenyewe, toleo lililopita niligusia dokumentari za kutazama tu, zile ambazo mpiga picha hahoji mtu, hamwambii mtu rudia hapo sikuiona vizuri, anakaa pembeni na kamera yake maisha yanaenda, nikasema mambo ya familia na kufiwa yanapendana sana na hiyo njia. Basi mmenijibu. Nimechukua nne, ya kwanza ndefu na jibu lake refu zaidi, mnivumilie.

Shikamoo anti. Niko Tanga mjini, nina miaka 27. Baba yangu alikuwa fundi friji, amefariki miezi miwili iliyopita, figo. Nilianza kumrekodi tangu alipoanza kuumwa, mwanzo kwa simu baadae nikaazima kamera ya rafiki yangu, nia nifanye filamu. Sasa nina kama saa 70 kwenye diski. Msiba nao nimerekodi, vilio, watu chini ya turubai, jeneza linatoka, kisomo, kila kitu. Tatizo baba mdogo amekasirika, anasema mama yuko eda na mimi namzungushia kamera ndani, nitakuja kumwanika mtandaoni. Mama mwenyewe hasemi kitu. Na mimi nikiangalia zile za msiba naona vilio tu sioni filamu, zilizobaki ni vitu vya ajabu ajabu tu, simu ya baba inaita mama anapokea, wateja wanakuja kuchukua mafriji yao uani. Je nimhoji mama na baba mdogo wanielezee baba alikuwa mtu wa aina gani ili nipate stori? Na hivi ninachofanya ni dhambi?

Marahaba mwanangu, na pole sana, Mungu ampe baba kauli thabiti.

Kabla hatujafika kwenye dhambi tuanze na diski. Saa 70 kwenye diski MOJA? Sauti ya baba yako, mikono yake, kikohozi chake, vyote viko kwenye kidude kimoja ambacho paka akikisukuma mezani habari imeisha? Acha kusoma hapa, kanunue ya pili, nakili kila kitu, ya pili kamwachie mtu nyumba nyingine kabisa. Ukimaliza rudi tuendelee.

Haya. Umesema vitu vya ajabu ajabu ukavipita kama mtu anayeruka dimbwi. Mimi nikasimama hapo hapo, ndo maana nilikutumia meseji kukuuliza simu ikiita mama anasemaje, na kwa ruhusa yako ngoja niwasimulie wenzako. Simu ya marehemu inachajiwa kila usiku, iko juu ya kabati la vyombo. Wateja wengi hawana habari kama fundi amefariki, wanapiga, "Fundi vipi, friji yangu lini?" Mama anapokea, anasema "Fundi hayupo, ametoka." Hasemi amefariki. Halafu anauliza friji lako lipi, la rangi gani, anachukua daftari la baba anatafuta jina, anajifunga kanga vizuri anaenda uani kuangalia kama lipo. Friji zilikuwa 11, zimebaki 4. Zile ambazo baba hakuwahi kuzitengeneza mama anarudisha advansi, na hela yenyewe anaitoa kwenye rambirambi.

Mwanangu, unatafuta stori gani nyingine? Filamu yako iko uani inabebwa na mkokoteni. Kila friji likitoka uani panakuwa peupe zaidi, siku la mwisho likiondoka mama atakuwa hana tena sababu ya kusema fundi ametoka. Uwe pale siku hiyo. Usimuulize anajisikiaje. Washa kamera mapema kabla mteja hajafika, iache hata baada ya mkokoteni kupinda kona, kwa sababu sijui mama atafanya nini na wewe hujui, pengine atafagia tu.

Na vile vilio usivitupe lakini usivitegemee. Mimi nilikosea hapo vibaya. Msiba wa kaka yangu nilikuwa na kamera, shangazi akaanguka pale mlangoni akilia, mimi nikamvuta karibu kwa lenzi mpaka uso ukajaa, nikajisifu moyoni nimepata shoti. Baadae naangalia, hakuna kitu. Ni mtu analia, basi, humjui, hujui anamlilia nani, angeweza kuwa shangazi wa mtu yeyote. Shangazi mwenyewe aliniona, na hakunisemesha karibu miaka miwili, na mpaka leo nikifika kwake na begi lolote anauliza humo kuna nini. Ile picha sijawahi kuitumia popote.

Kuna mwanamke mmoja wa Ubelgiji, Chantal Akerman, alimrekodi mama yake kwa kamera ndogo za mkononi ndani ya fleti yake pale Brussels. Mama alikuwa Myahudi wa asili ya Poland aliyenusurika kambi ya Auschwitz, na hayo mambo ya kambini hakuwa mtu wa kuyazungumza. Sasa ungetegemea binti amkalishe kitini amuulize, mama hebu nisimulie Auschwitz. Wapi. Wanakula jikoni, wanaongea habari za chakula, binti akiwa safarini wanapigiana Skype na mama hataki kukata, bado kidogo, bado kidogo, na ile kambi inajitokeza katikati ya maneno ya kawaida kama mwiba kwenye samaki. Mama anazidi kudhoofika, kikohozi, usingizi wa mchana kwenye kiti. Alifariki 2014, filamu ikatoka 2015, inaitwa No Home Movie, dakika 115 zilizokatwa kutoka kwenye saa kama 40, na kifo chenyewe HAKIMO. Hamna jeneza, hamna kaburi. Mwisho unabaki na vyumba. Vyumba vile vile ulivyozoea kumuona mama akipita, sasa havina mtu, na wewe mtazamaji ndo unajikuta unamtafuta mlangoni. Akerman mwenyewe alifariki Oktoba mwaka huo huo 2015, miezi michache tu baada ya filamu kuonyeshwa, ndo maana wengi tunaiangalia na mzigo mwingine juu.

Nimekusimulia hiyo ndefu uone kwamba uani kwenu na ile fleti ni kitu kimoja.

Kuhusu kuwahoji, hapana. Najua vyuoni wanafundisha mahojiano kwanza, na kwa kazi nyingine ni sawa. Ila mkalishe mama kwenye sofa leo, funga kamaiki kifuani, muulize baba alikuwaje, atakwambia alikuwa mtu wa watu, mcheshi, mcha Mungu, hakuwa na makuu. Baba mdogo atasema hivyo hivyo. Marehemu wote wa Tanga walikuwa watu wa watu! Hayo ni maneno ya heshima, tunayavaa kama kanzu siku ya Ijumaa, na hayamwonyeshi fundi friji aliyekuwa anaandika kwenye daftari "mama Zainabu wa mlango wa bluu, ana haraka". Hilo daftari lirekodi, ukurasa kwa ukurasa, taratibu.

Sasa dhambi. Mimi si shehe na sitajifanya, hilo la picha na eda kamuulize shehe wa msikitini kwenu, tena nenda na baba mdogo muulize pamoja, atajiona ameshirikishwa na nusu ya hasira itaisha njiani. Ninachojua mimi ni kazi. Eda ni miezi minne na siku kumi, mama hajipambi, hatoki bila dharura, haonani na wanaume wasio maharimu wake, yaani wale anaoweza kuolewa nao. Kwa hiyo usilete mtu wa sauti mwanaume ndani, shika maiki mwenyewe. Usimwonyeshe mtu yeyote picha za mama kwenye simu hata kidogo, hata rafiki mwenye kamera. Na ujue mama kunyamaza si ruhusa. Mtu aliyefiwa na mume juzi ananyamazia mambo mengi kwa sababu hana nguvu ya kukataa. Muombe sasa ruhusa ya kurekodi tu. Eda ikiisha kaa naye muangalie pamoja ulichokata, muombe tena. Siku ukitaka kuionyesha nje ya nyumba, muombe mara ya tatu, na akisema kipande hiki toa, unatoa, hata kama ndo kizuri kuliko vyote. Itauma. Baba mdogo naye mpe kazi, si ana pikapu ya kubebea mafriji umesema kwenye meseji, basi awe ndani ya filamu.

Habari yako dadangu. Mimi niko Likoni, Mombasa, kazi yangu ni video za harusi na mazishi, miaka kumi sasa, niko na kamera mbili na droni. Nataka kuingia dokumentari kama hizi unazoandika. Swali langu, mbona mimi nikirekodi mazishi watu wanasema ni video ya matanga, na mzungu akirekodi mazishi hayo hayo inakuwa dokumentari na inapelekwa festivali? Tofauti ni nini haswa?

Salama kakangu. Swali lina pilipili na nimelipenda.

Uzungu sio tofauti, ingawa pesa za wazungu ni tofauti kubwa, hilo tusidanganyane. Tofauti ni saa unayofika na saa unayoondoka. Wewe unafika na viti vya kukodi unaondoka na sufuria za pilau. Familia imekulipa uweke kumbukumbu, nani alikuja, nani alihutubia, shada la nani lilikuwa kubwa, na ole wako umkose mjomba aliyetoka Nairobi. Hiyo ni kazi halali na ngumu, mimi sina kifua cha kuidharau. Lakini ndani yake hakuna anayebadilika. Mambo ya kufiwa yanaanza turubai likishafunguliwa, usiku ule watu wamekwenda zao na nyumba imebaki na wenyewe, na saa hiyo wewe uko kwako unahariri uweke maua yanayodondoka kwenye skrini.

Hii staili ya kutazama tu ilianza kushika karibu 1960, Marekani na Ufaransa, na sababu kubwa wala haikuwa falsafa, ilikuwa uzito. Kabla ya hapo kamera ya filamu yenye sauti ilikuwa zigo la kelele, lazima stendi, lazima mataa, lazima mtu akae pale pale. Ikaja kamera ya milimita 16 ya kubeba begani na kinasa sauti cha Nagra cha kutundika bega la pili, picha na sauti vinakwenda pamoja, ghafla watu wawili wanaweza kumfuata mtu jikoni, kwenye gari, hospitali. Leo simu yako inafanya yote hayo, kwa hiyo kilichobaki ni uvumilivu tu, na uvumilivu haukodishwi. Frederick Wiseman wa Marekani aliingia wodi ya wagonjwa mahututi ya hospitali ya Beth Israel pale Boston, akatoka na Near Death, 1989, inakaribia saa sita, dakika 358. Hamna msimulizi, hamna muziki, hamna mtu anayeongea na kamera. Ni madaktari, manesi na familia wanazungumza tena na tena, mashine tuizime au tuiache, mke anaelewa, kesho yake haelewi, wanaanza upya. Inachosha! Lakini aliyewahi kukaa kwenye yale mabenchi ya nje ya wodi anajua kuchosha ndo kwenyewe. Na Wiseman wala hakuwa anashika kamera, alikuwa anashika maiki, kamera anashika mwenzie. Fikiria hilo kabla hujanunua lenzi nyingine, yeye bosi aliona mwenye masikio ndo anaongoza.

Na si lazima uende Boston. Hapo hapo pwani ya Kenya mke na mume, Maia Lekow na Christopher King, walitengeneza The Letter iliyoonyeshwa Amsterdam 2019, Kenya ikaichagua kuiwakilisha kwenye Oscar. Kijana yuko Mombasa anasikia bibi yake kijijini ameitwa mchawi, na wanaomwita hivyo ni watu wa familia, na nyuma ya uchawi kuna shamba. Anarudi nyumbani kuona. Ni familia moja, boma moja, kikao baada ya kikao. Wale hawakufika na viti vya kukodi.

Jaribu hivi: mazishi yajayo ukishamaliza kazi ya kulipwa, waombe wenyewe urudi siku ya nane au ya kumi. Droni iache nyumbani, hakuna mtu aliyewahi kuomboleza kutoka angani. Beba kamera moja na lenzi moja, kaa uani wanapochambua mchicha, siku mbili za kwanza usiiwashe kabisa. Wakishaanza kugombana mbele yako kuhusu nani anabaki na pikipiki ya marehemu, hapo umeshakuwa fenicha, sasa washa. Kama watakukubalia, lakini.

Anti nimefanya dokumentari ya kifo cha bibi yangu, alifia nyumbani, dakika 12, niweke wimbo gani wa kuhuzunisha? (Dodoma)

Usiweke.

Haya nisiwe mkali. Toa muziki wote uangalie tena kwa hedifoni. Kulikuwa na nini, jogoo, redio ya jirani, mtu anatwanga? Umesema bibi alifia nyumbani, nyumba zina sauti zake. Kinanda cha huzuni kinamwambia mtazamaji lia sasa, na mtu mzima akiambiwa lia anajikaza. Kama baada ya hapo bado unaona kumepwaya, basi pamepwaya kwenye picha, wimbo ungekuwa plasta tu.

Ndugu mhariri, mimi ni mzee wa miaka 68, Morogoro. Mke wangu alifariki Novemba. Kijana wetu wa mwisho alikuwa Dar anasomea mambo ya video, amerudi nyumbani na kamera. Ananirekodi nikila, nikinyoa ndevu, nikisinzia kwenye kiti. Haniulizi kitu, ananirekodi tu. Majirani wanasema amechanganyikiwa. Mimi sipendi ila naogopa kumwambia aache, kwa sababu ndio wakati pekee anakaa na mimi. Nifanye nini?

Shikamoo mzee wangu, na pole kwa kuondokewa na mama.

Barua yako nilimsomea mwenzangu hapa ofisini tukanyamaza wote, na ofisi hii hainyamazi.

Hajachanganyikiwa. Wengi wetu tuliorekodi familia zetu zikiwa kwenye majonzi tulianza hivyo, unarudi nyumbani hujui pa kukaa wala cha kusema, kamera inakupa sababu ya kuwa chumba kimoja na mzazi bila kuongea. Kuna binti wa John Garang, yule aliyeongoza mapambano ya Sudan Kusini, anaitwa Akuol de Mabior. Baba yake alikufa kwenye ajali ya helikopta Julai 2005, wiki tatu tu baada ya kuapishwa makamu wa kwanza wa rais wa Sudan, kabla haijagawanyika. Binti amekuja kutengeneza filamu miaka mingi baadae, No Simple Way Home, ikaonyeshwa Berlin 2022, na kamera yake haimtafuti sana baba, inamfuata mama, Rebecca Nyandeng, aliyerudi Juba na mwaka 2020 akaapishwa naye kuwa mmoja wa makamu wa rais. Dunia nzima inamjua huyo mama kama mjane wa shujaa, binti anamrekodi kama mama. Tena Akuol hakufuata hiyo sheria ya kunyamaza mpaka mwisho, ameweka sauti yake mwenyewe anaongea mle ndani, anauliza nyumbani ni wapi. Namwambia hivyo kijana wako kupitia kwako, kwa sababu hao wanaotoka chuo wanaishika kanuni kama amri kumi: kutazama ni njia tu. Mwenye kamera naye amefiwa. Yule ni mama yake.

Sasa wewe mzee una haki zako. Neno "zima" ni lako wakati wowote na huna haja ya kutoa sababu. Chagua mahali ambapo kamera haiingii, chumbani kwako kwa mfano, na kunyoa ndevu kama hupendi. Mwombe akuonyeshe alichorekodi mpaka sasa, si kwa kumkagua, kaeni tu muangalie. Nina hakika kidogo kwamba mama atakuwa humo, kiti chake, sufuria yake, koti lake bado liko kwenye msumari, na hapo mtajikuta mnaongea bila aliyeanzisha.

Ila leo jioni, mwambie kamera aiweke chini kwanza mle ugali.

*Barua za toleo lijalo zinifikie kabla ya tarehe 20. Na wewe wa Tanga, diski ya pili umenunua? Nijibu.*